LESENI YA MRIMA: NANI ALIULIZWA?



Kuna ndugu hapa Kinoo ametuuliza: mambo ya madini ya Kwale yanatuhusu nini sisi watu wa Waiyaki Way? Wacha tumjibu.

Tarehe 4 Machi 2013 Wakenya tulipiga kura. Tarehe 7, kura bado zinahesabiwa Bomas na nchi nzima imekodoa macho kwa TV, leseni ya uchimbaji nambari 351 ikatolewa kwa kampuni ya Cortec. Ichimbe niobiamu na madini adimu kilima cha Mrima. Kampuni yenyewe ilitaja mali ya dola bilioni 62! Na Mrima sio shamba la mtu. Ni msitu wa hifadhi, ni kaya ya Wadigo. (Wale wataanza mjadala wa kaya na itikadi, wakae nao. Hapa tunaongea haki ya Waislamu wenzetu juu ya ardhi yao.)

Agosti hiyo hiyo Waziri Najib Balala akaifuta leseni. Kampuni ikaenda Mahakama Kuu, ikaanguka 2015. Rufaa, ikaanguka 2017. Ilikuwa pia imekimbilia ICSID, baraza la usuluhishi la Benki ya Dunia, ikidai zaidi ya dola bilioni 2 kutoka kwa kodi yako na yangu. Oktoba 2018 ikaanguka tena. Kisa? Tathmini ya athari kwa mazingira haikufanywa inavyotakiwa na sheria. Leseni ilikuwa batili toka siku ya kwanza.

Watu wakashangilia, serikali imeshinda. Imemshinda nani? Hiyo karatasi batili ilitoka ofisi ya serikali hiyo hiyo! Mama mboga wa Kinoo akikosa karatasi moja ya kaunti, kanjo wanabeba sukuma yake asubuhi hiyo. Aliyegawa kilima kizima bila karatasi iliyo muhimu kuliko zote, ulimwona akibebwa? Hizo zilikuwa kesi za kampuni na serikali, zinavutana juu ya leseni na dola. Mzee wa Mrima anayekunywa maji ya hapo aliulizwa lini?

Sasa ndugu yetu, jibu lako. Ibara ya 62 ya Katiba inasema madini ni ardhi ya umma, yaani ni yako pia. Ibara ya 70 inasema ukienda kortini kutetea mazingira, huhitaji kuonyesha kwamba wewe binafsi umeumia. Huhitaji kuzaliwa Kwale. Na Ibara ya 35 inakupa haki ya kudai habari zilizo mikononi mwa serikali.

Kwa hivyo tunadai: leseni yoyote mpya ya Mrima, na ripoti yake ya mazingira, isomwe kwa Kiswahili na Kidigo mbele ya wenyeji KABLA ya saini. Sio baada. Na ile asilimia 10 ya mrabaha ambayo Sheria ya Madini ya 2016 imewapa jamii, waambiwe italipwa vipi na lini.

Wanafunzi wa sheria mlio hapa, jitokezeni inbox. Barua ya kwanza kwa Wizara ya Madini tunaiandika wiki hii, baada ya Ijumaa.