Kanda za Kale Zinamhitaji Fundi, na Zinamhitaji Mzee

Machi 2008, kikundi cha watafiti wa Marekani kiitwacho First Sounds kiliusikilizisha ulimwengu sauti ya mtu aliyeimba mwaka 1860. Ilinaswa nchini Ufaransa na Édouard-Léon Scott de Martinville, mpiga chapa wa Paris, miaka 17 kabla ya Thomas Edison kuunda mashine yake ya kurekodi na kusikilizia. Chombo cha Scott kilichora tu mawimbi ya sauti kwenye karatasi iliyopakwa masizi. Mwenyewe hakuwa na nia ya kuyasikia tena. Watafiti waliipiga picha karatasi ile, kompyuta ikafuata mstari wa mchoro, zikatoka sekunde chache za wimbo wa watoto wa Kifaransa.

Sauti ilikuwa nyembamba, na wengi walisema ni ya msichana. Mwaka uliofuata ikabainika kwamba wimbo ulichezwa kwa kasi mara mbili ya ile iliyotakiwa. Aliyeimba ni mwanamume mzima, yaelekea Scott mwenyewe. Kompyuta haikukosea. Kipimo cha kasi kilitokana na mtetemo wa uma wa chuma wa kupimia sauti, uliochorwa kando ya sauti, na Wafaransa wa zama zile walihesabu kwenda kuwa mtetemo mmoja na kurudi kuwa wa pili. Asiyeijua desturi hiyo ya kuhesabu, hata awe na mitambo ya namna gani, angempa mwanamume sauti ya binti.

Kisa hicho kiwe darasa kwa yeyote mwenye dhamana ya kanda za zamani katika Afrika Mashariki, kwa sababu mjadala wa kuziokoa huishia karibu kila mara kwenye ununuzi wa kompyuta.

Hazina yenyewe ni kubwa. Kwa miaka mingi, mahali pakuu pa kurekodia kwa bendi za Tanzania palikuwa studio za Redio Tanzania Dar es Salaam. Humo zilipita hotuba, michezo ya redio, taarabu, ngoma na muziki wa dansi, vyote vikitiwa kwenye utepe wa sumaku. Utepe huo ni plastiki nyembamba iliyobandikwa unga wa oksidi ya chuma kwa gundi. Aina nyingine za gundi hunyonya unyevu, na hewa ya pwani haina uhaba wa unyevu. Utepe ukishanyonya unyevu hunata kwenye mashine, hutoa mlio wa kukwaruza na kuacha uchafu wa kahawia. Uchafu huo ndio sauti yenyewe inayobanduka.

Fundi anayejua kazi huuoka utepe wa namna hiyo kwa joto la nyuzi 50 na kitu, kwa saa kadhaa, kisha huunakili upesi kabla haujaanza kunata tena. Lakini upo utepe wa zamani zaidi, wa asetati, unaotoa harufu ya siki unapooza, na huo ukitiwa joto huangamia. Mkono usiojua tofauti hiyo huharibu kwa dakika chache kilichodumu miaka 50. Mwaka 2015, Hifadhi ya Taifa ya Filamu na Sauti ya Australia ilionya kwamba kanda nyingi ambazo hazingenakiliwa hadi 2025 zingepotea, kwa kuwa mashine za kuzichezea na vipuri vyake vinatoweka, na mafundi wake wanastaafu. Mwaka 2025 umekwisha kufika.

Kwa hiyo kinachotakiwa ni chama cha ufundi hasa, chenye walimu na wanagenzi, kama walivyo maseremala wa majahazi. Mafundi mitambo wastaafu wa redio ndio walimu wa kwanza wa kutafutwa, wakingali na nguvu. Na kando ya kila fundi aketi mzee anayezijua sauti: anayetambua mpiga gitaa kwa mkono wake, anayejua ngoma ile ni ya jando au ya mavuno.

Faida ya kujua sauti ni za nani imekwisha kuonekana Kenya. Mwaka 1950 Hugh Tracey, Mwingereza aliyezunguka Afrika na mashine ya kurekodi, aliwarekodi wasichana wa Kipsigis wakiimba "Chemirocha". Jina hilo ni la Jimmie Rodgers, mwimbaji wa Marekani ambaye santuri zake zilikuwa zimefika huko, lililotamkwa kwa ulimi wa Kikipsigis. Rekodi ikahifadhiwa katika maktaba ya muziki wa Afrika aliyoianzisha Tracey mwaka 1954, ambayo leo iko Chuo Kikuu cha Rhodes, Afrika Kusini. Miaka 65 hivi baada ya kurekodiwa, Tabu Osusa wa Ketebul Music ya Nairobi na wenzake waliirudisha kwa wenyewe, na wakawakuta wazee waliokuwa wakiikumbuka siku ile. Safari hiyo iliwezekana kwa sababu Tracey alikuwa na tabia ya kuandika: nani kaimba, wapi, lugha gani, kwa ala gani. Kanda isiyo na maelezo hayo haina kijiji cha kurudishwa.

Vituo vya redio na wizara za utamaduni vina wajibu wa kuwaajiri vijana wa kazi hii sasa, na kuwalipa wazee wanaoketi nao. Kwa msomaji mwenye kanda ya harusi, ya mawaidha au ya marehemu bibi kabatini: usiitupe, wala usiijaribishe kwenye redio kaseti mbovu. Iweke pakavu, mbali na jua. Kisha mwite aliyekuwapo siku hiyo, muulize ni sauti za nani, na uandike majina juu ya jalada.