RUBIA HAKUSHINDWA, SANDUKU NDILO LILILOFICHWA!

Mwulize kijana wa Ngara au Kariokor leo Charles Rubia alikuwa nani. Akijua sana atakwambia: Meya wa kwanza Mwafrika wa Nairobi. Basi! Kana kwamba mzee yule alivaa mkufu wa umeya, akapigwa picha, akaenda zake nyumbani kulala.

Ndugu msomaji, wakubwa wanapenda tumkumbuke hivyo. Mtu wa picha hana madhara. Alipofariki Desemba 2019 akiwa na umri wa miaka 96, sifa zilimwagwa kama mchele wa arusi. Shujaa wa ukombozi wa pili, sijui mzee wa busara, sijui nguzo ya jiji. Miongoni mwa waliomsifu wamo waliokulia kisiasa chini ya mbawa za jogoo yuleyule aliyemdonoa. Lakini swali lenyewe lilirukwa kama mtaro wa majitaka: mtu aliyeshikilia kiti cha Starehe tangu 1969, akapita uchaguzi baada ya uchaguzi, alitokaje Bungeni mwaka 1988?

Sisi tutauliza. Na jibu halianzii Bungeni. Linaanzia City Hall.

Rubia aliingia katika Baraza la Jiji wakati wa mkoloni. Nairobi ilikuwa imepewa hadhi ya jiji mwaka 1950, lakini lilikuwa jiji la wazungu, na Mwafrika alihesabiwa kama mgeni wa kazi: piga deki, sukuma mkokoteni, kisha urudi ulikotoka. Katika ukumbi huo huo, mwaka 1962, hata kabla Uhuru haujafika, madiwani wakamchagua Mwafrika awe Meya. Bendera ya Mwingereza ilipoteremshwa usiku wa kuamkia tarehe 12 Desemba 1963, Meya wa mji mkuu alikuwa Rubia. Akakaa kwenye kiti hicho hadi 1967.

Umeya wa siku zile haukuwa wa kukata utepe na kula keki. Baraza la Jiji lilikuwa na nyumba za kupangisha, shule za msingi, zahanati, maji, masoko na leseni za biashara. Anayeshika City Hall anashika bomba lako, ufunguo wa chumba chako na ruhusa ya kibanda chako. Ndiyo maana njia ya kutoka City Hall hadi Bunge imekuwa barabara ya lami kwa wanasiasa wa jiji hili. Diwani anawajua watu kwa majina, na wao wanamjua, kwa wema wake au kwa madeni yake. Andrew Ngumba naye aliipita barabara hiyo. Alikuwa Meya kuanzia 1977 hadi 1980, kisha akapata ubunge wa Mathare mwaka 1983. Kampuni yake ya fedha ikaanguka, naye akakimbilia Sweden. Lakini hayo ya Ngumba ni hadithi ya siku nyingine.

Rubia aliingia Bungeni kama mbunge wa Starehe mwaka 1969. Hapa lazima tuseme ukweli hata kama utawachoma wapenzi wa mzee. Mlango alioingilia haukuwa safi. Oktoba mwaka huo chama cha KPU cha Jaramogi Oginga Odinga kilipigwa marufuku na viongozi wake wakatupwa kizuizini. Desemba, mtu aliyetaka ubunge alikuwa na chama kimoja tu cha kugombea. Rubia aligombea na KANU, akashinda. Baadaye akakalia hata kiti cha uwaziri katika serikali ya Moi. Na Juni 1982, Bunge ambalo yeye alikuwa mmoja wa wabunge wake ndilo lililopitisha kifungu cha 2A, kile kilichosema Kenya itakuwa na chama kimoja tu, KANU. Hakuwa malaika. Lile gari alilipanda, akasafiri nalo, akala na njiani.

Hatumwandiki hapa ili tumvishe taji. Tunamwandika kwa sababu mtu aliyekaa ndani ya gari ndiye anayejua breki zimekatwa lini.

BREKI YA KWANZA

Breki ya kwanza ilikatwa City Hall. Mwaka 1983 serikali ililivunja Baraza la Jiji la Nairobi na kuweka Tume, watu walioteuliwa kutoka juu. Sababu iliyotolewa ni uendeshaji mbovu na ulaji wa pesa. Sikatai. City Hall haijawahi kuwa nyumba ya maombi. Lakini dawa ya diwani mwizi ni kumnyima kura, si kumnyang'anya mpiga kura kura yake! Ni sawa na kumkata mtu kichwa ili apone kipandauso.

Kuanzia 1983 hadi uchaguzi wa Desemba 1992 hakuna mkazi wa Nairobi aliyemchagua diwani. Miaka tisa! Mtoto aliyezaliwa Pumwani mwaka Tume ilipoingia alikuwa darasa la pili au la tatu Tume ilipotoka. Mwenye kibanda alikuwa anabomolewa na watu asiowachagua, na asubuhi hana diwani wa kumlilia. Ukumbi ule ambamo Rubia alijifunzia siasa ukawa ofisi ya wateule.

Mwaka 1986 zikaja breki nyingine mbili, na safari hii Rubia akapiga kelele. Serikali ilileta mswada wa kubadili Katiba ili kumwondolea Mwanasheria Mkuu na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu ulinzi wa kazi zao. Tafsiri ya mtaani ni hii: yule anayekagua pesa za serikali aweze kufutwa na yule anayezitumia. Rubia alisimama kupinga katika Bunge ambalo wengi walikuwa wamejifunza kupiga makofi kuliko kusoma miswada. Aliamka saa nane mchana, sawa. Lakini aliamka. Kuna waliolala mpaka leo.

Kisha ukaja mlolongo.

Mimi ni kijana niliyezaliwa baada ya mlolongo. Shuleni ulikuwa jibu la alama mbili kwenye mtihani wa historia, unaandika "upigaji kura wa foleni" unasonga mbele. Hakuna mwalimu aliyetuambia kitu hicho kilikuwa kinafanya nini kwa mtu mwenye deni la nyumba.

Hebu tuueleze vizuri. Agosti 1986 mkutano wa wajumbe wa KANU ulikubali kwamba katika mchujo wa chama hakutakuwa na kura ya siri. Mwanachama anakuja uwanjani na kadi yake. Mgombea au wakala wake anasimama na picha. Unapanga foleni nyuma ya picha ya mtu wako, mchana kweupe, mnahesabiwa kama ng'ombe kwenye josho. Usipokuwa na kadi ya jogoo huna mahali pa kusimama. Na atakayepata asilimia 70 au zaidi anakuwa amepita bila kupingwa, hasubiri tena kura ya siri ya uchaguzi mkuu.

Sasa jiulize, kijana. Chifu yuko pale. Mwenye nyumba yuko pale. Mwajiri wako ana mtu wake pale. Wewe unauza mitumba kwa leseni inayotolewa na Tume iliyoteuliwa na serikali, na mgombea anayependwa na serikali yuko kwenye foleni ya kushoto. Wewe moyo wako uko kulia. Utasimama wapi? Mwenye watoto wanaosubiri unga anasimama kushoto, na mimi simlaumu. Ndipo utakapoona jinsi Tume ya 1983 na mlolongo vilivyoshikana mikono. Kwanza walichukua leseni yako, kisha wakakwambia uchague mbele ya macho yao.

Na ubaya mkubwa kuliko huo wote: foleni haibaki! Karatasi za kura unaweza kuzihesabu tena, ukazipeleka kortini, jaji akazishika mkononi. Foleni ikishatawanyika imekwisha. Utapeleka nini mahakamani, vumbi? Maaskofu waliliona hilo wakapinga, mawakili wakapinga, Rubia akapinga. Wakaitwa wapinga maendeleo.

Februari 1988 foleni zikapangwa nchi nzima. Sehemu nyingi watu waliona kwa macho yao foleni ndefu ikitangazwa kuwa fupi, na fupi ikatangazwa kuwa ndefu. Starehe ikatangazwa imekwenda kwa mtu mwingine. Mtu ambaye kura ya sanduku ilikuwa haijamtoa kwa karibu miaka 20 aliondolewa na foleni ya asubuhi moja. Hiyo ndiyo hoja yangu, na atakayeipinga aje na hesabu. Ili wamwondoe Rubia walilazimika kwanza kuliondoa sanduku.

NJE YA BUNGE

Wengi walidhani mzee wa miaka 60 na kitu, mwenye mali na biashara zake, atanyamaza ale polepole. Tarehe 3 Mei 1990 akatokea mbele ya waandishi wa habari pamoja na Kenneth Matiba, waziri aliyejiuzulu Desemba 1988 baada ya wizi wa kura katika chama. Wakasema lile ambalo watu walikuwa wakinong'ona kwenye matatu: chama kimoja kimeshindwa, turudishieni vyama vingi. Wakataka kuitisha mkutano Kamukunji tarehe 7 Julai. Kibali wakanyimwa. Tarehe 4 Julai wakakamatwa na kuwekwa kizuizini bila kufunguliwa mashtaka.

Siku tatu baadaye ikawa Saba Saba. Waliokwenda Kamukunji hawakuwa matajiri wenye makampuni. Walikuwa manamba wa matatu, wachuuzi, vijana wasio na kazi, watu wa umri wangu. Viongozi walikuwa wamefungiwa, wao wakaenda bila viongozi. Risasi zikapigwa, watu wakafa, na ghasia zikasambaa siku kadhaa. Wakubwa wanaposimulia ukombozi wa pili wanataja majina ya waliotoka kizuizini wakiwa hai. Waliokufa mitaani wanaitwa "wananchi".

Halafu angalia dharau hii. Desemba 1990 wajumbe wa KANU wenyewe walikutana Kasarani wakautupa mlolongo, pamoja na ile sheria ya asilimia 70. Mwaka huo huo Bunge likarudisha ulinzi wa kazi ya Mwanasheria Mkuu na Mkaguzi Mkuu. Yaani yote mawili aliyoyapinga Rubia mwaka 1986 yalikubaliwa kuwa makosa na walioyafanya, na mwenyewe alikuwa bado amefungiwa! Walikubali alikuwa na haki, wakamwacha ndani. Alitoka Aprili 1991. Kifungu cha 2A kikafutwa Desemba 1991. Tarehe 29 Desemba 1992 Nairobi ikapiga kura ya siri, ikachagua wabunge na madiwani, na Tume ya Jiji ikawa historia. Rubia hakurudi tena Bungeni.

Kuna watakaosema hayo ni ya zamani, tuzungumze ya leo. Vizuri. Tuzungumze ya leo.

Mwaka 2013, chini ya Katiba ya 2010, Baraza la Jiji lilipisha Bunge la Kaunti lenye wadi 85, na gavana akaanza kuchaguliwa moja kwa moja na wananchi. Tukashangilia. Februari 2020 Gavana Mike Sonko alitia sahihi Ikulu akakabidhi serikali kuu afya, usafiri, ujenzi na mipango ya jiji. Idara mpya, NMS, ikawekwa chini ya jenerali wa jeshi, ikakaa hadi 2022. Sababu? Uendeshaji mbovu! Maneno yaleyale ya 1983, yamebadilishwa shati tu. Jenerali alichimba visima, sikatai, na watu walichota maji. Lakini nani alimpigia kura? Ukikosana naye ulikuwa unamng'oa kwa njia gani? Na vijana wenzangu wengi walipiga makofi, kwa sababu hakuna aliyewahi kuwaambia Tume ya zamani ilimalizikia wapi.

Kisha kuna mchujo wa vyama. Hapa sisemi vya serikali tu, nasema na vya upinzani, na chama kinacholisha gazeti hili kisijifanye hakisikii. Kuelekea uchaguzi wa 2022 vyama viligawa tiketi "za moja kwa moja" kama peremende. Mgombea wa wadi anauza pikipiki yake, anachapisha mabango, anatembea nyumba kwa nyumba miezi sita. Siku moja anasikia kwamba wazee wameketi hotelini na "maelewano" yamepatikana. Ati utafiti wa maoni umeonyesha mwingine ndiye anayependwa. Utafiti upi? Ulifanywa na nani, ukamwuliza nani? Hakuna karatasi na hakuna sanduku.

Tuliowaita madikteta mwaka 1988 angalau waliwapanga wazee wetu foleni juani, wakajifanya wanahesabu.