Basi la Watalii Lisiipite Newton

Mabasi ya watalii yanayozunguka kisiwa cha Barbados hupenda kusimama Gun Hill, kilima cha parokia ya St. George kilicho mita 200 hivi juu ya usawa wa bahari. Upepo ni mzuri pale, nyasi zimekatwa, na nyanda za miwa zinaonekana zikiteremka kuelekea pwani ya kusini. Chini kidogo ya mnara yupo simba mweupe aliyechongwa kwenye mwamba mmoja mwaka 1868 na Henry Wilkinson, ofisa wa jeshi la Uingereza. Watu hupiga picha na simba, hununua kinywaji, kisha dereva huwaita garini.

Mnara wenyewe una habari nzito kuliko simba. Ulijengwa mwaka 1818. Miaka miwili kabla ya hapo, usiku wa Jumapili ya Pasaka, tarehe 14 Aprili 1816, watumwa wa mashamba ya kusini mashariki mwa kisiwa waliwasha moto kwenye miwa na kuanza vita dhidi ya mabwana zao. Kiongozi anayekumbukwa zaidi ni Bussa, mzaliwa wa Afrika aliyefanya kazi katika shamba la Bayley. Wanajeshi na wanamgambo walizima uasi huo kwa siku chache, na mamia ya watu waliuawa vitani au kunyongwa baadaye. Wenye mashamba walikuwa wameingiwa na hofu. Ndipo ukajengwa msururu wa vituo vya ishara juu ya vilima, kimoja kikionekana kutoka kingine, ili siku watumwa wakiinuka tena habari ilifikie jeshi upesi. Mandhari ya Gun Hill inavutia kwa sababu mahali hapo palichaguliwa ili mtu aone mbali, na waliokusudiwa kuonwa ni watu weusi waliokuwa mashambani.

Mtalii aliyelipia ziara ya nusu siku ana haki ya kuambiwa hivyo akiwa bado amesimama juu ya kilima. Akiondoka na picha ya simba peke yake, amepunjwa.

Kusema hivi si kuidharau ziara fupi. Wapo wasafiri wanaojiona hodari ambao huwacheka watu wanaoshuka melini, kupanda basi na kuzungushwa kisiwa kizima kabla ya chakula cha mchana. Kicheko hicho si cha haki. Barbados ina kilomita za mraba 430 tu, na urefu wake ni kilomita 34. Asubuhi moja inatosha kutoka pwani ya magharibi, ambako bahari ya Caribbean imetulia, kupanda nyanda za juu, kisha kuteremka Bathsheba upande wa mashariki, ambako mawimbi ya Atlantiki yanapiga miamba mikubwa iliyomong'onyoka chini hadi ikabaki kama uyoga. Mtu aliyekaa wiki nzima kwenye kiti cha ufukweni anaweza kurudi kwao bila kuyajua hayo. Saa chache na mwenyeji anayekijua kisiwa chake zina thamani kubwa, mradi zipangwe vizuri. Tatizo liko kwenye mpangilio.

Meli za kitalii huingia bandari ya Bridgetown asubuhi na kuondoka jioni. Abiria wengi hununua ziara wakiwa melini, au hata kabla ya safari. Kampuni ya meli huchukua sehemu yake, wenye mabasi wa kisiwani hupata kinachosalia, na dereva hutegemea bakshishi ili siku yake iwe na maana. Katika utaratibu huo kila kituo kinatakiwa kimfurahishe mteja, na mwongoza watalii anayeeleza mambo mazito anahofia kuagwa kwa mkono mtupu. Ndiyo maana vituo ni vilevile: pango la Harrison, ambalo watu wamekuwa wakilitembelea kwa gari dogo la kuvutwa tangu 1981; kanisa la St. John juu ya jabali, lililojengwa upya miaka ya 1830 baada ya kimbunga cha 1831. Kiwanda cha ramu cha Mount Gay, chenye hati ya mwaka 1703. Na mtaa aliokulia Rihanna mjini Bridgetown, ambao tangu 2017 unaitwa kwa jina lake. Hakuna ubaya katika orodha hiyo. Pango ni la ajabu kweli, na mtaa wa Rihanna ni fahari halali ya taifa lililomtangaza shujaa wake usiku lilipogeuka kuwa jamhuri, tarehe 30 Novemba 2021.

Lakini yanayopitwa dirishani ni mengi, na mengine hayahitaji hata basi kusimama. Yanahitaji sauti ya mwongozaji tu.

Kwa mfano, zile nyumba ndogo za mbao zilizopakwa rangi ya waridi, bluu na manjano, ambazo kila mgeni huzipiga picha. Utumwa ulipokoma kabisa mwaka 1838, karibu ardhi yote ya kisiwa ilibaki mikononi mwa wenye mashamba. Mtu huru alipangishwa kipande cha kusimamisha kibanda kwa sharti la kuendelea kufanya kazi shambani hapo, na sheria ya mwaka 1840 ilikaza fundo hilo: ukigombana na bwana, unapoteza kazi na mahali pa kulala siku ileile. Basi watu wakajenga nyumba za kubomoleka. Ziliwekwa juu ya mawe yaliyopangwa bila kushikizwa ardhini, na kuta zake ziliweza kufunguliwa, kupakiwa kwenye mkokoteni na kusimamishwa upya kwingine. Ujuzi wa maseremala hao unastahili heshima kubwa. Leo huko Holetown nyumba za mtindo huo zimekuwa maduka ya zawadi. Dakika tatu za maelezo zingetosha mteja kujua ananunua kumbukumbu yake ndani ya nini.

Au miti. Msafiri kutoka Unguja au Pemba angeshangaa kuona mishelisheli kandokando ya barabara. Mti huo ulitoka visiwa vya Pasifiki. Mwaka 1793 nahodha William Bligh aliufikisha St. Vincent na Jamaica, kwa sababu wenye mashamba walitaka chakula rahisi cha kulisha watumwa, na kutoka huko ukaenea visiwa vingi. Katika bustani ya Queen's Park, mwendo mfupi kwa miguu kutoka katikati ya Bridgetown, umesimama mbuyu wenye mzingo wa zaidi ya mita 18. Inaelezwa kwamba uliletwa kutoka pwani ya Guinea yapata mwaka 1738. Chakula cha taifa, ku-ku kwa samaki anayeruka, ni sima ya unga wa mahindi iliyosongwa pamoja na bamia. Mwongozaji aliyeandaliwa vizuri angeweza kujenga asubuhi nzima juu ya mbuyu, shelisheli na sima, na hakuna ambaye angesinzia.

Kisha kuna sanamu ya ukombozi. Iko mashariki mwa Bridgetown, kazi ya mchongaji Karl Broodhagen iliyozinduliwa mwaka 1985: mwanamume amesimama wima, mikono imeinuliwa, minyororo iliyokatika inaning'inia kwenye vifundo vya mikono. Wananchi wenyewe huiita Bussa. Imewekwa katikati ya kipilefti cha barabara kuu, magari yanakimbia pande zote, kwa hiyo basi huizunguka na abiria huinua simu zao. Picha nyingi hutoka na ukungu wa kioo. Hapa lawama ni ya mipango miji zaidi ya wenye ziara. Hata hivyo Barbados imeonyesha kwamba sanamu si mlima usiohamishika: Nelson, amiri wa Uingereza aliyesimamishwa katikati ya Bridgetown mwaka 1813, miaka 30 kabla London haijamaliza kusimamisha wa kwake, aliondolewa Novemba 2020.

Pengo kubwa kuliko yote liko Newton, katika parokia ya Christ Church, si mbali na uwanja wa ndege. Ni mteremko wa nyasi uliopakana na mashamba. Wanaakiolojia wakiongozwa na Jerome Handler na Frederick Lange walichimba hapo mwanzoni mwa miaka ya 1970 na kukuta makaburi ya watumwa wa shamba la Newton. Inakadiriwa kwamba watu wapatao 570 walizikwa hapo kati ya karne ya 17 na mwanzo wa karne ya 19. Hawakuwa na mawe ya makaburi wala majina yaliyoandikwa.

Mmoja wao alikuwa mzee aliyezikwa na mali. Mikononi alikuwa na bangili, pembeni kiko cha udongo na kisu, na shingoni mkufu uliotungwa kwa meno ya mbwa, pingili za uti wa samaki, shanga za kioo, shanga kubwa ya akiki na kauri. Watafiti wanaamini alikuwa mganga aliyeheshimiwa na wenzake. Akiki ile ilitoka Khambhat, magharibi mwa India. Kauri ni za Bahari ya Hindi, bahari hii hii inayoosha Lamu, Bagamoyo na Maldives. Zilizunguka dunia kama fedha, zikafika Afrika Magharibi, zikanunua watu. Namna mtumwa katika shamba la miwa alivyoweza kukusanya vitu hivyo na kuvihifadhi mpaka akazikwa navyo ni jambo linalofaa kuelezwa taratibu, pale pale alipolala, na mtu wa Barbados anayejua kulieleza. Hakuna ufukwe unaoweza kumpa mgeni kitu kama hicho.

Hoja inayotolewa dhidi ya vituo vya aina hii ni kwamba watalii wamekuja kupumzika. Jibu lipo Zanzibar. Katika Mji Mkongwe, matembezi ya saa mbili au tatu mara nyingi hufika Mkunazini, penye kanisa kuu la Anglikana lililojengwa juu ya soko la watumwa lililofungwa mwaka 1873. Wageni huinama kuingia vyumba vya chini, husimama mbele ya sanamu za watu waliofungwa minyororo halisi shingoni, kazi ya Clara Sörnäs ya mwaka 1998, na wengi hunyamaza. Kisha huendelea na soko la Darajani, milango ya nakshi na chai ya tangawizi. Hawaikimbii Zanzibar. Wapo wanaobishana, na kwa haki, juu ya namna baadhi ya waongozaji wanavyoieleza historia ile. Ubishi huo ni dalili kwamba mahali hapo panachukuliwa kwa uzito.

Wengine husema hayo ni ya kale. Si ya kale sana. Serikali ya Uingereza iliwalipa wenye watumwa fidia ya pauni milioni 20, na deni lililotokana na fidia hiyo lilimalizika kulipwa mwaka 2015. Shamba la Drax Hall, katika parokia ileile ya Gun Hill, limebaki mikononi mwa familia ya Drax tangu karne ya 17. Mwaka 2024 serikali ya Barbados ilipotaka kununua sehemu ya ardhi hiyo ili ijenge nyumba, wananchi walihoji kwa hasira kwa nini familia hiyo ilipwe tena, na Waziri Mkuu Mia Mottley akasitisha mpango. Abiria anayeangalia miwa kupitia dirisha la basi anaangalia mgogoro ambao bado haujamalizika.

Desemba 2021 Mottley alitangaza mpango wa kumbukumbu kubwa na kituo cha utafiti hapo Newton, kwa michoro ya David Adjaye, msanifu majengo aliyezaliwa Dar es Salaam mwaka 1966 kwa wazazi wa Ghana. Mchoro wake una nguzo 570 za mbao, moja kwa kila aliyekadiriwa kuzikwa. Ni wazo zuri, lakini makaburi hayahitaji kusubiri majengo ili yatembelewe.

Mamlaka za utalii za Barbados zina uwezo wa kukaa na kampuni za meli na kudai kwamba ziara yoyote inayouzwa kuwa ya kuijua historia ya kisiwa ipitie Newton, au angalau isimame chini ya mbuyu wa Queen's Park. Kituo kimoja cha duka la zawadi kikiondolewa, muda unapatikana. Waongozaji walipwe ujira kamili wa asubuhi hiyo, ili mtu asilazimike kuchagua kati ya kusema ukweli na kupata bakshishi. Na msafiri ambaye hakununua ziara melini anaweza kuanza mwenyewe: bandarini Bridgetown madereva wa teksi husubiri abiria na bei hukubaliwa kabla ya kuondoka. Ataje Newton kwanza, Gun Hill baadaye, na Bathsheba mwisho, kwa kuwa samaki wa kukaanga wa upande ule ni bora aliwe saa ya mchana.