KAPTENI ASIYECHEZA

Upande wa magharibi wa mji wa Melbourne, katika Australia, kiko kitongoji kiitwacho Footscray. Zamani kilijaa viwanda, na mpaka leo kimejaa watu waliotoka nchi nyingine, hata Wahabeshi wenye mikahawa yao ya injera. Klabu ya mpira ya mahali hapo iliingia katika ligi kubwa ya jimbo la Victoria mwaka 1925, na tangu msimu wa 1997 inaitwa Western Bulldogs. Ubingwa wake wa kwanza katika ligi hiyo ulikuwa wa mwaka 1954. Wa pili ulingojewa miaka 62, hata watu wakazaliwa, wakazeeka, wakafa bila kuuona.

Mpira wao si huu wetu. Kila upande una watu 18, kiwanja kina umbo la yai, na mpira wenyewe vile vile, tena yaruhusiwa kuushika kwa mikono. Ukipigwa kwa mguu ukapita katikati ya milingoti miwili mirefu ni pointi 6. Ukipita pembeni, kati ya mlingoti mrefu na mfupi, ni pointi 1. Hayo yatosha. Atakaye zaidi na amwandikie yule kaka yetu, mwanafunzi wa zamani wa shule hii aliyeko Melbourne, ambaye ndiye aliyetupelekea filamu tuliyoonyeshwa ukumbini muhula uliopita. Mimi nataka kusema habari za makapteni wa klabu hiyo, kwa maana tangu filamu ile mabishano hayajaisha mabwenini. (Redioni siku hizi husema "nahodha", sisi hapa tumezoea kapteni, na kapteni nitaandika.)

Mwaka 1954 kapteni alikuwa Charlie Sutton. Huyo hakuwa kapteni tu, bali alikuwa na mwalimu wa timu pia. Siku za juma aliwafundisha wenzake, na Jumamosi akavaa jezi akaingia nao uwanjani, akipiga na kupigwa kama wao. Desturi hiyo ilikuwa ya kawaida katika ligi yao wakati ule. Siku ya fainali kuu Footscray waliwapiga Melbourne kwa pointi 102 kwa 51, yaani mara mbili kamili, na Sutton mwenyewe alifunga magoli matatu.

Katika kikosi cha siku hiyo alikuwamo kijana wa miaka 21, jina lake Ted Whitten. Mwaka 1957, akiwa hajatimiza miaka 25, alikabidhiwa kazi zote mbili za Sutton. Mwaka 1961 aliwafikisha wenzake fainali kuu, wakashindwa na Hawthorn. Kombe hakulipata akiwa kapteni. Lakini alibaki kapteni mpaka mwaka 1970 alipocheza mchezo wake wa 321, ambayo ilikuwa hesabu isiyofikiwa na mtu ye yote katika ligi hiyo wakati huo, kisha akavua viatu. Mwaka 1995, miezi miwili kabla ya kufa, akiwa mgonjwa wa saratani na macho yake hayaoni tena, alizungushwa kwa gari katika uwanja mkubwa wa Melbourne, mwanawe ameketi naye, na uwanja mzima ukasimama kumpigia makofi. Uwanja wa nyumbani wa klabu leo waitwa kwa jina lake, na sanamu yake imesimama nje. Nawaombeni mtazame jambo hilo: watu walisimama kwa ajili ya kapteni ambaye tangu avue viatu ilikuwa imepita miaka 25, wala hakuwaletea kombe.

Mwanzoni mwa miaka ya 1980 ile desturi ya kapteni kuwa mwalimu ilikoma katika ligi. Kazi ya mwalimu ilikuwa imekuwa kubwa mno. Wako wanaosema kwamba kapteni akapunguzwa, akawa mtu wa kurusha sarafu tu na kupeana mkono na refa. Mimi sioni hivyo. Zamani kapteni alitiiwa kwa sababu ndiye aliyepanga timu. Asiyemtii aliachwa nje. Kapteni wa sasa hana fimbo hiyo. Akitiiwa, ametiiwa kwa ajili ya nafsi yake.

Tena ni mzigo usiomkaa kila mtu. Mwisho wa mwaka 2014 kapteni wa Bulldogs, Ryan Griffen, aliyeshika cheo kwa msimu mmoja tu, aliomba kuhama, akaenda timu ya Greater Western Sydney. Mwalimu naye akaondoka. Katika mabadilishano hayo Bulldogs walimpata kijana mrefu, Tom Boyd, mwenye miaka 19, umri kama wangu mimi. Watu wengi waliona klabu imevunjika. Akaja mwalimu mpya, Luke Beveridge, na ukapteni akapewa Bob Murphy, ambaye alikuwa ameichezea klabu hiyo tangu mwaka 2000 bila kuonja fainali kuu hata mara moja.

Sasa nafika penye mabishano. Mwezi wa Aprili mwaka 2016, katika mchezo wa tatu wa msimu, dakika za mwisho dhidi ya Hawthorn, Murphy aliruka, akatua vibaya, na kano ya goti ikakatika. Alikuwa na miaka 33. Msimu wake ukaishia hapo. Kitambaa, kama tungesema sisi, akapewa Easton Wood, mlinzi. Timu ikamaliza ligi katika nafasi ya saba, na nafasi hiyo haikuwa imewahi kutoa bingwa. Wakawapiga West Coast kule Perth, wakawapiga Hawthorn waliokuwa mabingwa, wakawapiga Greater Western Sydney kwa pointi 6 tu, na tarehe 1 Oktoba wakawapiga Sydney katika fainali kuu, 89 kwa 67. Boyd, yule kijana, alifunga magoli matatu, na moja alilipiga kutoka mbali sana hata mpira ukadunda ukaingia wenyewe. Sisi ukumbini tulipiga kelele kama vile ni timu yetu.

Kisha nishani zikagawanywa. Kila mchezaji akavishwa yake, na mwalimu akavishwa nishani ya walimu, ambayo yaitwa kwa jina la Jock McHale. Beveridge alipokwisha kuvishwa, alimwita Murphy kutoka chini alikosimama, akaivua nishani shingoni mwake, akamvisha yeye. Murphy akasimama pamoja na Wood, na kombe likainuliwa.

Wenzangu wengi wa darasa la juu wasema kwamba jambo hilo halikuwa sawa. Sababu yao ni nzuri wala sitaidharau. Wasema: kombe ni la waliotoka jasho siku ile. Wood aliongoza tangu Aprili hadi Oktoba, na saa ya furaha yake akaletewa mwingine kusimama kando yake. Nao hutaja methali, manahodha wengi chombo huenda mrama.

Najibu hivi. Methali hiyo ni ya chombo kilichoko baharini. Siku ya mchezo Bulldogs walikuwa na nahodha mmoja, Wood, na Murphy hakugusa usukani. Kuamuru pamoja ni jambo moja, na kutajwa pamoja ni jambo jingine. Hata sheria za mpira wao zajua hivyo: kapteni akiona wapinzani wamezidi watu 18 uwanjani, aweza kumwomba refa asimamishe mchezo awahesabu, na kapteni asipokuwapo, anayekaimu ana haki hiyo hiyo. Uwanjani kaimu ni kapteni kamili, wala hakuna anayemnyang'anya.

Lakini neno kubwa ni hili. Nishani aliyovishwa Murphy ilitoka kwa nani? Haikutoka kwa Wood. Haikutoka kwa mchezaji ye yote. Mwalimu alitoa yake mwenyewe. Kama wakubwa wa ligi wangemnyima mchezaji mmoja nishani ili wampe Murphy, ningekuwa upande wa wenzangu leo. Heshima ya mtu aliyelala kitandani haichotwi katika haki ya waliocheza; hutolewa na mwenye nayo, kwa hiari yake.

Kuna habari nyingine ya klabu hiyo hiyo, nayo ni ngumu zaidi. Mwaka 2018 timu yao ya wanawake ilifika fainali kuu ya ligi ya wanawake. Kapteni wao, Katie Brennan, hakucheza, wala hakuwa ameumia: alikuwa amefungiwa mchezo mmoja kwa kosa la kumkaba mwenzake kwa uzembe, baada ya onyo la kwanza. Alilalamika kwamba kwa makosa ya namna hiyo wanaume hutozwa faini wakaendelea kucheza. Ellie Blackburn akaongoza timu mahali pake, nao wakawapiga Brisbane, 27 kwa 21, katika mvua. Basi katika miaka miwili klabu moja ilitwaa makombe mawili, na mara zote mbili kapteni aliyechaguliwa hakuwamo uwanjani. Rafiki yangu mmoja ameniuliza kama hata aliyefungiwa nitamtaja. Nitamtaja. Orodha ya makapteni si zawadi ya tabia njema. Ni kumbukumbu ya watu waliopewa timu waitunze.

Na upande wa pili pia tusiusahau. Siku ile ya 2016 Sydney walimkosa Aliir Aliir, aliyeumia goti katika mchezo wa kabla ya fainali. Huyo alizaliwa katika kambi ya Kakuma, nchi ya Kenya, kwa wazazi waliotoka Sudani. Kakuma si mbali na mpaka wetu, na wako humu shuleni waliopita njia ile ile. Yeye hakuwa kapteni, na timu yake ilishindwa, kwa hiyo hakuna aliyemwita jukwaani.

Wanafunzi wa zamani wasomao gazeti hili huenda hawajui kwa nini nayasema haya mwaka huu. Katika chumba cha kulia, ukutani, bado uko ule ubao wa majina ya makapteni wa mpira, na wengine wenu mmeandikwa humo. Mwaka huu kapteni wetu alivunjika mguu majuma matatu kabla ya mashindano ya wilaya. Alilazwa, kisha akaja na magongo kila jioni kutazama mazoezi, akatuambia tulikosea wapi. Naibu wake akavaa kitambaa, na kombe tukalileta. Sasa kamati ya michezo imeamua kwamba jina litakaloandikwa ni la naibu peke yake, kwa kuwa ndiye aliyecheza.

Niseme wazi, naibu huyo ni mimi.

Sitaki kudhaniwa kwamba najinyenyekeza ili nisifiwe. Nimelitaka jina langu ubaoni tangu nilipokuwa mwanafunzi mdogo nikibeba maji ya wachezaji, na nitafurahi kuliona. Wala siombi lifutwe. Lakini timu niliyoiongoza kwa michezo minne yeye aliijenga kwa muhula mzima na zaidi. Mlinda mlango wetu ni yeye aliyemtoa katika timu ya pili, tulipokuwa sote tunamcheka. Kamati yasema nafasi ni moja. Basi nafasi hiyo ni yangu, kama walivyoamua wenyewe, nami nampa nusu yake. Nimekwisha kuwaandikia.

Fundi wa rangi huja juma la mwisho wa muhula. Ubao nimeupima kwa rula: majina mawili yanaenea katika mstari mmoja, ikiwa herufi zitapunguzwa kidogo, lake kwanza na langu baadaye.