Wapenzi wawili si wahalifu

Korosho zikishauzwa, vijana wa Chilangala na vijiji jirani vya Newala huwa na fedha mkononi, na jioni hutembeleana. Hapo ndipo tochi za walinzi huwakuta. Kijana na binti husimamishwa njiani, huulizwa wametoka wapi na wazazi wao ni nani, na wengine huachiwa baada ya kutoa chochote.

Hiyo si kazi ya sungusungu wala ya mgambo. Ulinzi wa jadi ulipotambuliwa kisheria mwaka 1989, shabaha ilikuwa wezi na majambazi. Tanzania Bara hakuna kosa la jinai la kuwa na mpenzi kwa mwanamume na mwanamke waliotimiza miaka 18. Hata mwenye ndoa akifumaniwa, Sheria ya Ndoa ya 1971 inampa mwenzake haki ya kudai fidia mahakamani. Haimpi jirani ruhusa ya kuvunja mlango. Ibara ya 16 ya Katiba inalinda maisha binafsi ya kila mtu na maskani yake.

Wazee watatujibu kwamba wanalinda maadili. Lakini maadili ya Wamakonde yana sitara: ya jandoni na unyagoni hayasemwi nje. Kumpiga picha binti aliyefumaniwa na kuisambaza WhatsApp ni mila ya nani? Agosti 2024 nchi nzima iliona ukatili wa kumwadhibu mtu mbele ya kamera, kwa video ya binti wa Yombo Dovya, Dar es Salaam, aliyebakwa na kundi la wanaume huku akilazimishwa kuomba radhi kwa madai ya uhusiano. Septemba 30, mahakama mjini Dodoma iliwahukumu wanaume wanne kifungo cha maisha.

Binti asiyefikisha miaka 18 ni suala jingine kabisa. Tangu marekebisho ya Sheria ya Elimu ya 2016, anayempa mimba mwanafunzi anakabiliwa na miaka 30 jela. Na hapo, penye kazi ya kweli, ndipo tunaponyamaza. Familia mbili zinakaa, fedha zinahesabiwa, na siku ya kesi shahidi haonekani. Tochi zile hazifiki huko.

Wenyeviti wa vijiji vya Newala na Masasi, waambieni walinzi wenu: watu wazima wapite, faini za njiani zikome, na mimba ya mwanafunzi ipelekwe Dawati la Jinsia na Watoto la polisi, isimalizwe barazani.