Mji wa Toleo Hili: Izki

Toleo lililopita tulikuwa Sur na majahazi yake, na baadhi yenu mkatwambia kwamba tunawapendelea watu wa pwani. Haya, mara hii tumepanda milimani.

Safari ilianzia kwenye swali dogo. Mwenzetu mmoja, ambaye ukoo wake ni wa Izki, alipewa kazi ya darasani aandike idadi ya watu wa mji wao. Akaona jambo jepesi. Oman imehesabu watu wake mara ya kwanza 1993, kisha 2003, 2010 na 2020, na sensa ya 2003 iliikuta Izki na watu kama 35,000. Akamsomea bibi yake. Bibi akaacha kukuna nazi, akamwuliza, "Na wa Pemba mmewahesabu?"

Basi Ijumaa moja baada ya sala tukaingia kwenye gari mbili, watu saba, tukaenda.

Ukishika njia ya Nizwa kutoka Maskati, unapita Fanja, kisha Sumail, barabara ikifuata bonde linalokata milima ya Hajar vipande viwili. Bonde linapokwisha, na maji ya mvua yanapoanza kuelekea kusini jangwani kwa Wadi Halfayn, hapo ndipo Izki. Aliyeushika mji huu aliushika mlango wa kwendea bara. Ndiyo maana Imamu Salim bin Rashid al-Kharusi alipoinuka 1913 hakutosheka na Nizwa, aliitia mkononi na Izki.

Jina lenyewe ni kongwe kupita kiasi. Kuna maandishi ya mfalme Ashurbanipal wa Ashuru, yaliyopatikana Ninawi huko Iraki, ya mwaka 640 hivi kabla ya Kristo. Yanamtaja Pade, mfalme wa nchi ya Qade, anayekaa Iskie, aliyesafiri miezi sita kwenda kumpa heshima mfalme mkubwa. Wataalamu wanasema Iskie hiyo ni Izki. Miezi sita! Sisi tulitumia saa moja na nusu na bado kuna aliyelalamika kwamba kiti cha nyuma kimembana.

Wenyeji wana pia pango lao, Jarnan, na hadithi kwamba ndani yake kumefichwa sanamu la ndama wa dhahabu tangu zama za ujahili. Tulichungulia. Ndama hatukumwona.

Mji wa zamani ni mitaa miwili ya nyumba za udongo, Yaman na Nizar, iliyokaa pua kwa pua. Majina hayo ni ya matawi mawili makubwa ya Waarabu, wa asili ya kusini na wa asili ya kaskazini, na ugomvi wao ni wa kale. Karne ya 18 ulipata majina mapya, Hinawi na Ghafiri, ukaigawa Oman nzima. Viongozi wa pande zote mbili walikufa Sohar 1728, lakini mgawanyiko haukufa nao. Leo ukipita vichochoroni utaona dari zimeanguka na milango imelala chini. Baada ya 1970 watu walihamia nyumba za saruji karibu na barabara na mashamba mapya. Kwa hiyo kila sensa inasema Izki imeongezeka, na kila mwaka mji mkongwe unapungua ukuta. Vyote viwili ni kweli.

Kisichopungua ni falaji, yaani mfereji wa maji. Falaji ya Malki ya hapa Izki ni moja kati ya tano za Oman zilizoingizwa na UNESCO katika urithi wa dunia 2006. Maji hutafutwa chini ya mlima, yakachimbiwa njia ya chini kwa chini yenye mteremko mdogo, yakaja yenyewe mpaka mitendeni, bila ya pampu. Lakini ufundi wenyewe hasa, kwa maoni yetu, uko kwenye kugawana. Fungu la maji huitwa athari, nalo ni nusu saa. Zamani mchana walipima kwa kivuli cha jua, usiku kwa nyota. Sasa wanatazama simu. Athari hurithiwa, huuzwa, hukodishwa, na nyingine ni wakfu wa msikiti.

Hapo ndipo tulipopata jibu la swali la bibi, au nusu yake.

Ami wa mwenzetu, mzee mwenye shamba, alitukaribisha kwa tende na kahawa. Kiswahili hajui ila "karafuu" na "karibu". Alitwambia kwamba baba wa bibi na baba yake yeye walikuwa ndugu. Mmoja alibaki na mitende. Mwingine alishuka Sur akapanda jahazi na pepo za kaskazi, kama walivyofanya maelfu wa huku bara, akafungua duka Pemba, akaoa, hakurudi. Kule waliitwa Wamanga. Lakini maji yake hayakuuzwa. Miaka yote hiyo zamu yake katika falaji imeandikwa kwa jina lake, imenywesha mitende ya nduguye, na kodi yake imewekwa. Bibi, kwa sheria ya mirathi, ana sehemu yake humo. Ami anataka karatasi zitengenezwe angali hai. "Mleteni," alisema. "Watoto wangu hawamjui, na mimi nikifa nani atasema haya maji ni yake?"

Tulirudi na furaha, tukidhani tumebeba zawadi. Bibi alisikiliza mpaka mwisho, akasema hendi.

Ilibidi tuketi naye jioni mbili ndipo akaeleza. Baada ya mapinduzi ya Januari 1964 walipoteza duka na ndugu wawili. Sultani Qaboos aliposhika nchi 1970 na kuwaita Waomani walioko nje, walikuja. Nchi ilikuwa na skuli tatu tu, na waliosoma Unguja na Pemba walitakiwa maofisini na hospitalini. Mumewe akapata kazi Maskati. Siku moja wakaenda Izki kusalimia. Alikuwa kijana, Kiarabu chake kibovu, amevaa leso. Wanawake wa mtaa walimzunguka wakamwita Mzinjibari, wakauliza kama huko wanasali. "Pemba nikiitwa Mmanga," alisema, "nimefika Umangani naitwa Mzinjibari. Nikapanda gari."

Kati yetu saba, wanne wana bibi au babu mwenye maneno yanayofanana na hayo, na hakuna aliyewahi kuyasikia kabla ya wiki ile. Tulikuwa tukidhani wazee wetu hawaendi bara kwa sababu ya joto.

Mwenzetu anataka bibi aende, adai haki yake. Wengine wetu wanaona haki ni yake na kuiacha pia ni haki yake. Tulibishana mpaka usiku, na huyu mwenzetu akatununia siku mbili. Tulipopiga hesabu, sehemu ya bibi kati ya warithi wote ilitoka kama dakika nne za maji kila zamu. Bibi alicheka. "Dakika nne nitaogea?" Lakini kesho yake asubuhi aliuliza, kama aulizaye bei ya samaki, mitende yenyewe ni ya aina gani. Khalas, tukamwambia, na michache ya fardh.

Mpaka tunapeleka toleo hili kupigwa chapa hajasema atakwenda. Ami amepiga simu mara mbili.

Toleo lijalo tutakuwa Ibra, inshallah. Mwenye jamaa aliyekaa na wazee wa huko, au mwenye picha au barua kutoka Unguja, Tabora au Ujiji, tunaomba atuletee chumbani kwetu Jumatatu baada ya adhuhuri. Barua za Kiarabu tutazisoma pamoja. Na mwenye gari yenye kiti cha nyuma kikubwa, anakaribishwa zaidi.