Tuwafundishe Vijana Historia ya Barabara ya Voi na Taveta

Majuzi nilipanda matatu mjini Voi nikielekea Taveta. Kando yangu aliketi kijana wa shule ya sekondari aliyekuwa akirejea kwao kwa likizo, na mapajani alikuwa na kitabu cha historia. Tukazungumza. Alinieleza kwa ufasaha jinsi Mwanamfalme Franz Ferdinand alivyouawa mjini Sarajevo mwaka 1914, na jinsi mauaji hayo yalivyoyaingiza mataifa ya Ulaya vitani. Nilimsifu. Tulipokaribia Taveta tukapita kando ya kilima cha Salaita, nami nikamwuliza ni jambo gani lililotokea pale katika vita hivyo hivyo. Jina la kilima alilijua, maana hupita hapo kila muhula. Akatazama dirishani, akatabasamu kwa haya, akasema, "Sijui, mwalimu. Hilo halimo kitabuni."

Jibu lile limenikaa moyoni. Sikumlaumu kijana yule. Lawama, kama ipo, ni yetu sisi tulio walimu, tunaowafundisha watoto njia za mbali ilhali ile wanayoikanyaga kila siku hatuitaji. Ndiyo sababu leo naomba tuitazame barabara hii inayotoka Voi, ikapita Mwatate, Bura, Maktau na Mbuyuni, hata ikafika Taveta na mpaka wa Holili.

Yafaa ieleweke kwanza kwamba njia hii ni kongwe kuliko mji wa Voi kama tuujuavyo. Kabla ya reli, misafara ya pwani ilitoka Mombasa na Rabai, ikavuka nyika kavu ya Taru, ikatafuta maji na chakula katika milima ya Taita, kisha ikashuka kuelekea msitu wa Taveta kandokando ya mto Lumi. Hapo wapagazi walipumzika na kununua chakula kabla ya kuingia Uchagani au Umasaini. Vitabu husema kwamba mmisionari Johannes Rebmann "aligundua" mlima Kilimanjaro mnamo Mei 1848. Lakini Rebmann aliongozwa na Bwana Kheri, mkuu wa msafara aliyekwisha kuizoea njia. Alichokifanya mgeni yule ni kuandika habari ambazo wenyeji walikuwa nazo zamani, na hata hivyo wasomi wengine wa Ulaya walimcheka kwa kudai kwamba kuna theluji karibu na Ikweta.

Baadaye Waingereza na Wajerumani waligawana nchi. Kwa mapatano ya mwaka 1886, mpaka uliochorwa kutoka pwani ulipinda ukaizunguka Kilimanjaro, mlima ukabaki upande wa Wajerumani na Taveta upande wa Waingereza. Wanafunzi wengi husimuliwa kwamba Malkia Victoria alimzawadia mjukuu wake mlima huo. Hiyo ni hekaya tu. Mpaka ulitokana na majadiliano ya serikali mbili. Hata hivyo kupinda kwake ndiko kulikoifanya Taveta kuwa kama ulimi wa Kenya uliochomoza kuelekea Moshi, na ndiko kulikoifanya njia hii kuwa uwanja wa vita.

Agosti 1914 Wajerumani waliiteka Taveta. Waingereza nao wakaifanya Voi kuwa kituo chao kikuu, kwa kuwa reli ya Uganda, iliyoanza kujengwa Mombasa mwaka 1896, ilipita hapo. Mwaka 1915 wakaanza kujenga reli ya vita kutoka Voi kuelekea magharibi. Ilifika Maktau katikati ya mwaka huo, na maji yakavutwa kwa mabomba kutoka milima ya Bura, kwa maana jeshi na magari-moshi visingeweza kuishi katika nyika ile. Tarehe 12 Februari 1916 askari wageni kutoka Afrika Kusini walipelekwa kuishambulia Salaita. Walirudishwa nyuma kwa hasara kubwa, na waliowasitiri wakati wa kurudi walikuwa askari wa Kihindi wa kikosi cha Baluchi, watu ambao makaburu wale walikuwa wakiwadharau kwa rangi yao. Mwezi uliofuata majeshi ya Jenerali Smuts yaliingia Taveta, kisha yakapigana vikali katika vilima vya Latema na Reata. Reli ikaendelezwa hadi ikaungana na ile ya Tanga na Moshi.

Hayo ni matendo ya majenerali. Je, wananchi walikuwa wapi? Walikuwa chini ya mizigo. Waingereza waliwakusanya wapagazi kwa mamia ya maelfu kutoka kila pembe ya Afrika Mashariki, wengi wao kwa kulazimishwa. Waliokufa wanakadiriwa kuwa makumi ya maelfu, na wanahistoria wengi hutaja idadi inayokaribia 100,000. Wengi hawakufa kwa risasi, bali kwa kuhara, malaria, njaa na uchovu. Jina la kikosi chao limebaki katika Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi, ambako watu hununua na kuuza kila siku bila kukumbuka lilikotoka.

Tena wako Wakasigau, ndugu zetu wa mlima ulio kusini ya Voi. Mwaka 1915 Wajerumani walipouteka mlima wao, Waingereza waliwashuku wenyeji kwamba wamewasaidia adui. Wakawahamisha kwa nguvu, wazee kwa watoto, hadi upande wa Malindi. Wengi walifia huko kwa maradhi, na waliosalia walikaa uhamishoni miaka mingi kabla ya kurejea kwao. Adhabu ya kabila zima kwa tuhuma tu ni jambo ambalo mwanafunzi yeyote wa uraia angepaswa kulijadili.

Sasa tutazame kumbukumbu. Voi, Maktau na Taveta kuna makaburi ya vita yanayotunzwa vizuri. Mawe yamepangwa safu kwa safu, na mengi yana jina la askari, kikosi chake na tarehe ya kifo chake. Sina kinyongo na mawe hayo. Aliyekufa mbali na mama yake anastahili kukumbukwa. Lakini mpagazi hana jiwe. Jijini Nairobi, katika barabara ya Kenyatta ambayo zamani iliitwa Delamere, kuna sanamu ya shaba, na mpagazi ni mmoja wa watu watatu waliochongwa hapo. Huyo ni mpagazi mmoja asiye na jina kwa niaba ya maelfu. Huku kwetu, njiani alikopita na mzigo wake, hata sanamu hiyo hana.

Historia ya barabara hii haikukoma vitani. Ilipitisha mkonge wa mashamba ya Mwatate na Taveta. Ilinyamaza mwaka 1977, Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika na mpaka ukafungwa hadi 1983, jamaa za Taveta na Moshi wakawa wageni wao kwa wao. Kwa miaka mingi sehemu ya kutoka Mwatate hadi Taveta ilikuwa ya vumbi wakati wa kiangazi na matope wakati wa masika, na msafiri hakujua atafika saa ngapi. Katika muongo uliopita ikawekwa lami, na kituo cha pamoja cha mpakani cha Taveta na Holili kikazinduliwa mwaka 2016. Reli iliyozaa barabara hii iliachwa, vichaka vikaota juu ya mataruma. Lami ni neema, lakini imekuja na jambo moja: sasa gari hupita Salaita kwa dakika moja, na dakika moja haitoshi kumfanya mtoto aulize swali.

Najua walimu wenzangu watasema kwamba silabasi ni ndefu, mtihani haungoji, na vitabu havipo. Nakubali. Hata mimi nimewahi kuruka somo ili niwahi mtihani. Lakini mtaala wa umilisi unamtaka mwanafunzi ayachunguze mazingira yake, na hakuna mazingira yaliyo karibu kuliko njia ipitayo mbele ya lango la shule. Kuhusu vitabu, tuviandike. Kila shule iliyo kando ya barabara hii ijichagulie kipande chake. Wanafunzi wa Bura waulize habari za mabomba ya maji. Wa Maktau, za kambi. Wa Taveta, za soko na mpaka. Waende kwa wazee na daftari, wasikilize kwa adabu, waandike jina la msimulizi na siku aliyosimulia.

Tena wafundishwe kupima wanayoyasikia. Wengi husimulia kwamba jina Salaita lilitokana na neno la Kiingereza la machinjo. Je, ni kweli, au jina lilikuwapo kabla ya vita? Mwanafunzi atakayelifuatilia swali hilo atajifunza kazi ya mwanahistoria kuliko yule atakayekariri tarehe ishirini. Chuo Kikuu cha Taita Taveta kingeweza kuyahifadhi maandishi hayo, na serikali ya kaunti kuweka vibao vya kumbukumbu penye vilima na vituo vya zamani, kimoja kati yake kikiwa cha wapagazi na kingine cha Wakasigau.

Jambo hili halina muda wa kusubiri. Wazee waliosikia habari za uhamisho na upagazi kutoka vinywani mwa wale wale walioyapata wanazidi kupungua kila mwaka, na wahenga walisema, mwacha asili ni mtumwa. Kijana yule wa matatu aliposhuka Taveta alinishika mkono, akaniambia kwamba babu yake aliwahi kutaja mjomba aliyechukuliwa kubeba mizigo asirudi. Nilimwuliza jina la mjomba huyo. Hakulijua, lakini babu bado yu hai. Nikamwambia amwulize usiku ule ule.